Kanyaga Mpaka Sakafuni

Wanafunzi walimpa jina la Bi Klachi, na hakuna aliyewahi kulitamka mbele yake, kwa sababu kila mmoja aliipenda roho yake. Mwenyewe aliamini kwamba kila mahali anaitwa Mwalimu. Alikuwa mwanamke mnene, miwani imefungwa kamba shingoni, na mkononi hakukosa rula ya mbao ambayo haikupima kitu chochote isipokuwa magoti ya watu. Mwanafunzi akiachia klachi kwa pupa na gari likaruka kama mbuzi aliyechomwa mwiba, rula ilitua gotini kabla gari halijamaliza kuruka.

Dharau hakuipata ukubwani. Ujanani alikuwa karani katika kampuni ya malori, akiwapangia madereva safari kupitia dirisha dogo lenye nondo. Katika miaka aliyokaa nyuma ya nondo zile alifikia uamuzi kwamba binadamu wako wa aina mbili tu: wasiojua kuendesha na wanaojidai kujua. Kisha akaolewa na mmoja wa aina ya pili. Mumewe ndiye aliyefungua shule ya udereva, shule yenye gari moja na kibao kimoja juu ya paa. Alipofariki, shemeji zake walimshauri mjane auze gari atulie nyumbani. Aliwatazama kama mtu anavyomtazama nzi aliyetua kwenye kikombe chake cha chai, na arobaini ilipokwisha akaketi kiti cha mwalimu, mguu juu ya ile breki ya pili ambayo mumewe aliifungisha upande wa abiria, akaanza kufundisha.

Gari lenyewe lilikuwa dogo, la zamani, jeupe kwa hati za umiliki na rangi ya meno yasiyopigwa mswaki kwa macho ya watu. Asubuhi liliwaka mara moja, bila maneno. Tatizo lilianza likishapata moto. Ukilizima, au mwanafunzi akilizima kwa bahati mbaya, na wanafunzi hawana kazi nyingine, halikutaka kuwaka tena. Starta ililia, injini ikakohoa, petroli ikanuka mpaka kwenye nguo, na likija kuwaka lilitoa moshi mweusi kama limechoma matairi. Kwa unywaji wa mafuta lilishinda magari yaliyolizidi ukubwa.

Mtu mwingine angelipeleka kwa fundi. Bi Klachi aliona ni rahisi zaidi kuligeuza gonjwa hilo kuwa somo. Alikuwa amemwona marehemu mumewe akilishinda gari kwa kukanyaga pedali ya mafuta mpaka mwisho huku akipiga starta, naye akaichukua mbinu hiyo akaifanya amri. Gari likizimika njiani: handibreki juu, gia huru, klachi ndani, halafu kanyaga mafuta mpaka sakafuni, piga starta, na usiachie mguu mpaka liwake. Wanafunzi waliikariri kama watoto wa chekechea wanavyokariri siku za juma. Hakuna shule nyingine iliyofundisha hivyo, na hilo kwake lilikuwa ushahidi wa ujinga wa shule nyingine.

Likikataa hata baada ya hapo, kosa lilikuwa la mwanafunzi. Huyu ana mguu wa tembo, yule ana akili ya kuku, mwingine alizaliwa ili abebwe. Aliyethubutu kuuliza kama labda gari lina ugonjwa wa joto, alioneshwa geji kwenye dashibodi kwa ncha ya rula. Sindano ilikaa katikati, haipandi haishuki. “Una macho?” alimuuliza. Mwanafunzi akijibu kwamba anayo, aliambiwa ayatumie.

Kati ya wanafunzi wote waliowahi kumchosha, hakuna aliyemchosha kama mkaza mwanawe. Kijana wake alikuwa mbali, kwenye ujenzi wa daraja, akamwachia mkewe hapo nyumbani, nyumba moja, ua mmoja, mama na mkwe. Binti alifanya kazi katika stoo ya dawa ya zahanati, akipanga maboksi na kuyahesabu. Hakuwa mtu wa maneno mengi. Bi Klachi aliuchukulia ukimya ule kuwa ni utupu, kwa sababu mtu mwenye kitu kichwani, kwa maoni yake, angekitoa.

Sasa zahanati ilikuwa imeagiza gari la kupeleka dawa kwenye vituo vidogo. Daktari mkuu alimwambia binti kwamba usukani ni wake, na mshahara wa dereva ni wake, mradi gari likifika awe na leseni mkononi. Likifika hana, wataajiri mtu wa nje. Binti alikuwa ameshafeli mtihani mara mbili. Mara zote mbili gari lilizimika katikati ya barabara, akakanyaga mpaka sakafuni kama alivyofundishwa, na lilipokuja kuwaka magari yalikuwa yamejipanga nyuma kama yanamzika mtu. Mtahini aliandika kwamba amezuia njia. Bi Klachi aliporudi naye nyumbani alisema, kwa sauti ya kusikika na majirani, kwamba mwanawe alikwenda kuoa mke akarudi na mguu. Binti akaenda kupika.

Mtihani wa mara ya tatu ndio uliokuwa wa mwisho kabla ya gari la zahanati kufika. Hilo lilijulikana na wote wawili.

Siku moja kabla ya mtihani, Bi Klachi aliwatoa wanafunzi wake watatu kwa mazoezi ya mwisho. Kulikuwa na kijana wa duka la simu, ambaye alishika usukani kama ameshika simu ya mteja. Kulikuwa na mama mshonaji, ambaye aliomba dua kila alipobadilisha gia. Na kulikuwa na mkwe. Kwenye mzunguko mkubwa, mahali penye magari mengi kuliko pote, kijana alizima gari. Akakanyaga mpaka sakafuni. Starta ikalia, ikalia, ikachoka. Hakuna kilichowaka. Bi Klachi akamsukuma pembeni, akaketi yeye mwenyewe kwenye usukani na kukanyaga kwa mguu wake wa kimwalimu, na gari likamfanyia vilevile kama alivyofanyiwa mwanafunzi. Ikabidi lisukumwe. Dereva wa lori aliyekuwa nyuma alitoa kichwa dirishani akakisoma kibao cha shule polepole, herufi kwa herufi, kisha akamshauri mwalimu naye atafute shule.

Madereva wa malori. Alikuwa amewatawala kwa miaka kupitia tundu la dirisha, na leo mmoja wao anamsomea kibao chake. Alirudi nyumbani akiwa amekunja uso kama ngozi ya ngoma iliyonyeshewa, na kwa mara ya kwanza tangu awe mjane akamwita fundi.

Fundi umeme huyo aliitwa Fundi Waya, na walikuwa na jambo moja la kufanana, yeye na Bi Klachi: kila mmoja aliamini kwamba dunia ingekuwa mahali pazuri kama isingejaa watu wengine. Hakusalimia. Aliingia uani, akalizunguka gari, akainama kwenye bomba la moshi, akapitisha kidole ndani na kukitoa cheusi kama wino. Alimwonesha Bi Klachi kile kidole kama mwalimu wa usafi anavyomwonesha mtoto kucha zake.

“Ni wanafunzi,” Bi Klachi alisema. “Wanakanyaga mafuta kama wanaua nyoka.”

“Wanafunzi hawaingii kwenye plagi,” Fundi Waya alijibu, akafungua boneti.

Alitoa plagi moja. Ncha yake ilikuwa imefunikwa masizi makavu. Akauliza kama gari huwaka vizuri asubuhi, akaambiwa ndiyo. Akauliza kama hukataa likiwa na moto, akaambiwa ndiyo, lakini joto halina tatizo, kwa sababu geji ipo na haijawahi kupanda. Hapo fundi alicheka kicheko kifupi cha puani, ambacho Bi Klachi alikitambua vizuri kwa kuwa yeye mwenyewe hukitumia.

Alimwita asogee aangalie. Pale bomba kubwa la maji linapotoka kwenye injini kuelekea kwenye rejeta, palikuwa na vijiti viwili vya shaba vimekazwa kama bolti, kila kimoja kimechomekwa kichwa cha plastiki. Kimoja kilitoka na waya mmoja, kingine na waya mbili. Fundi Waya alieleza kwa namna ya mtu anayejua kwamba anapoteza muda wake. Vyote ni sensa za joto la maji. Ya waya mmoja inapeleka habari kwenye geji, ili dereva ajifariji. Ya waya mbili inapeleka habari kwenye kompyuta ya gari, na kompyuta ndiyo inayoamua injini inyweshwe petroli kiasi gani. Injini ikiwa baridi hupewa nyingi. Ikipata moto hupunguziwa. Sasa kama sensa hii inasema baridi mchana kutwa, kompyuta inamimina petroli kwenye injini inayotokota, plagi zinalowa, na watu wazima wanabaki barabarani wanasukuma.

“Geji ni ya kwako wewe,” alisema. “Kompyuta haina macho ya kuangalia geji.”

Bi Klachi alimwambia kwamba kusema ni rahisi. Fundi akasema kwamba ndiyo maana ana mita. Injini ilikuwa bado na moto wa safari. Akachomoa kichwa cha sensa ya waya mbili, akapima kwanza upande wa waya kuona kama umeme kutoka kwenye kompyuta unafika, na ulikuwa unafika. Kisha akagusisha ncha za mita kwenye sensa yenyewe. Namba iliyotokea, alisema, ni ya gari lililolala nje usiku wa mvua. Wakati huohuo boneti lilikuwa halishikiki kwa mkono.

Aliuliza pia kwa nini ile taa ndogo ya injini kwenye dashibodi haiwaki hata kidogo funguo inapozungushwa. Bi Klachi alimjibu kwamba aliagiza itolewe balbu zamani, maana ilikuwa inawaka waka na kuwatia wanafunzi wasiwasi.

Fundi Waya akainama tena kwenye boneti. Alikuwa mtu wa kutukana kila siku, lakini kwa hilo alikosa tusi la kutosha.

Ilibidi wasubiri injini ipoe, kwa kuwa mfumo wa maji ukiufungua ukiwa na moto unakuunguza uso. Fundi aliutumia muda huo kwenda kununua sensa mpya, na aliporudi aliomba sufuria ya maji ya moto. Bi Klachi alipaza sauti kuelekea jikoni bila kugeuza shingo, na mkwe wake akaitoa sufuria, akaishika kwa kitambaa, akabaki amesimama pale kwa sababu hakuna aliyemwambia aende. Fundi akafungua sensa ya zamani kwa spana, maji kidogo ya rejeta yakamwagika, akaziba tundu kwa kitambaa. Akaitumbukiza ncha ya sensa kwenye sufuria na kushikisha mita. Namba ikatetereka kidogo, ikarudi palepale, kana kwamba maji yale yametoka mtungini. Akaichukua mpya, akaifanya vilevile. Namba ikaanza juu, ikashuka, ikazidi kushuka kadiri ncha ilivyopata moto, na ilipotolewa ikaanza kupanda tena taratibu.

“Hiyo ndiyo inayosema ukweli,” fundi alisema. “Joto likipanda, namba inashuka. Ile nyingine haibadiliki, uichemshe uigandishe. Kitu kinachosema neno moja siku zote hakina faida, hata kama neno lenyewe siku moja ni kweli.”

Alilisema huku akilitazama gari, na Bi Klachi hakuona sababu ya kulifikiria zaidi.

Sensa mpya iliingizwa na pete yake ya kuzuia maji, ikakazwa kwa mkono kwanza, kisha kwa spana kwa kiasi, kwani shaba ikilazimishwa hukatika ndani. Maji yaliyopungua yakajazwa. Gari likawashwa kifuniko kikiwa wazi mpaka mapovu ya hewa yakaisha, likaachwa lipate moto sawasawa, likazimwa. Fundi akamwambia Bi Klachi awashe mwenyewe bila kugusa pedali ya mafuta. Alizungusha funguo, na gari likawaka kabla mkono wake haujamaliza kuzunguka. Moshi haukuonekana. Sauti ilikuwa ndogo na laini, sauti ya gari la mtu mwingine.

Fundi Waya alikuwa anafuta mikono alipokumbuka jambo. Akasema aliwahi kusikia habari za ule mguu wao wa mpaka sakafuni. Wauache. Mbinu ile ilikuwa ya kukausha injini iliyolowa: ukikanyaga mpaka mwisho huku unapiga starta, kompyuta inafunga petroli kabisa ili hewa ipite. Kwa gari lililolowa ni dawa. Kwa gari zima, ni kulinyima chakula. Litazungushwa starta mpaka betri ife, halitawaka.

“Waambie wanafunzi wako kabla ya kesho,” alisema.

Bi Klachi akamwambia kwamba yeye amefundisha watu wengi kuliko waya alizowahi kukata fundi, na kwamba gari linalowaka bila mguu haliwezi kushindwa kuwaka kwa sababu limeongezewa mguu. Mtu akiweza kutembea bila fimbo, ukimpa fimbo ataanguka? Fundi Waya alimtazama, akafunga sanduku lake la vifaa. Alipofika getini alisema, kama anaongea na geti, kwamba asiyesikia la mkuu huvunjika guu, na akaenda zake.

Asubuhi gari liliwaka kama kawaida yake ya asubuhi, na Bi Klachi akawaendesha wanafunzi wake watatu hadi uwanja wa mitihani huku akiwaeleza jinsi ambavyo ukali wake mwenyewe ndio uliolirekebisha gari. Mtahini alikuwa mpya, mwembamba, kola imekazwa mpaka juu, mtu wa kufuata utaratibu hata kwenye kupiga chafya. Aliwasomea masharti. Kila mtahiniwa atapanda kilima kifupi kilichoko mwisho wa uwanja, atasimama katikati ya mteremko, atazima gari, ataliwasha na kuondoka bila kurudi nyuma. Atakayepewa msaada wa maneno akiwa ndani ya gari, amefeli. Walimu wakae nyuma ya uzio.

Bi Klachi alikaa nyuma ya uzio akiwadharau walimu wa shule nyingine, mmoja mmoja, kwa mpangilio wa viatu vyao.

Kijana wa duka la simu alitangulia. Alipanda vizuri, akasimama, akazima. Handibreki juu, gia huru, klachi ndani. Kisha mlio wa starta ukasikika, ukaendelea, ukaendelea tu. Bi Klachi alijua kila sauti ya gari lile kama mama anavyojua kilio cha mwanawe, na hii hakuwahi kuisikia. Zamani, gari likikataa, lilikataa kwa kikohozi chenye majimaji, na ndani ya kikohozi kile kulikuwa na dalili ya kukubali. Huu ulikuwa mlio mkavu. Starta ilikuwa inazungusha injini tupu, na kijana, mwanafunzi mtiifu, hakuachia mguu, kwa kuwa aliambiwa asiachie mpaka liwake. Mtahini aliinua kalamu. Kijana alipokata tamaa akaondoa mguu na kujaribu mara nyingine, gari liliwaka papo hapo, lakini mtahini alikuwa ameshaandika.

Bi Klachi alijisemesha kwamba kijana yule ni mjinga. Alijaribu kuliamini neno hilo, kwani lilikuwa limemtumikia vizuri miaka yote. Mama mshonaji akafuata, akasali, akapanda, akazima, akakanyaga. Mlio uleule mkavu. Alikuwa mwaminifu kuliko kijana. Yeye hakuondoa mguu hata starta ilipoanza kuishiwa pumzi, na ilibidi mtahini mwenyewe amwombe ashuke, kisha akalirudisha gari karibu na benchi.

Wajinga wawili hawawezi kukosea kwa namna moja. Hata Bi Klachi aliliona hilo. Fundi Waya, mtu asiyejua hata kusalimia, alikuwa amesema kweli, na watu wawili wamefeli kwa sababu walimtii mwalimu wao. Na mkwe alikuwa ameshainuka kwenye benchi, anafunga vizuri kitambaa cha kichwa, zamu yake imefika.

Palikuwa na hatua chache tu kati ya benchi na gari. Angeweza kumwambia hapo, kabla hajaingia, sharti halikukataza. Lakini wale wawili walikuwa wamesimama palepale, kijana ameinamisha kichwa, mshonaji anafuta machozi kwa upindo wa nguo, na chochote atakachosema watakisikia. Kuwanyamazia ilikuwa rahisi: wangerudi nyumbani wakiamini kwamba wana miguu ya tembo, kama waliotangulia wote. Angemvuta mkwe pembeni? Mtahini alikuwa anawatazama. Angemtukana tu, aseme kwa ukali kwamba leo gari halitaki miguu yake? Alifungua mdomo afanye hivyo, kisha akaona kwamba haitasaidia. Kila siku anamwambia binti huyu kitu kibaya kuhusu mguu wake. Atajuaje kwamba la leo lina maana?

“Mwanangu,” alisema.

Binti aligeuka haraka, kama mtu aliyeitwa na sauti asiyoijua. Walimu wa shule nyingine nao waligeuka.

“Ukiwasha, usikanyage mafuta. Hata kidogo. Klachi tu, halafu zungusha funguo.” Akawatupia jicho wale wawili. “Lile la sakafuni lilikuwa la gari bovu. Sasa gari limepona.”

Kijana wa duka la simu aliinua kichwa. Mshonaji akaacha kufuta machozi. Mmoja wa wale walimu wenye viatu vya kudharaulika alitoa kicheko kifupi cha puani.

Binti aliitikia, “Sawa, Mama,” akaingia garini. Alipanda kilima bila kuruka hata mara moja, akasimama katikati ya mteremko, akazima. Kimya kikafuata, kifupi tu, kisha gari likawaka kwa ile sauti yake mpya, ndogo na laini. Akaondoka bila kurudi nyuma hata unene wa kidole. Akazunguka uwanja, akaegesha kati ya nguzo, akashuka. Mtahini alimkabidhi karatasi yake na hata akampa mkono, jambo ambalo halikuwemo kwenye utaratibu.

Bi Klachi alimsogelea. Alitegemea shukrani, na alikuwa ameandaa namna ya kuikataa. Alimwambia kwamba bila lile neno lake pale kwenye benchi, leo angeulizwa na zahanati ameleta nini.

“Nilikuwa nalijua, Mama,” binti alisema. Hakulisema kwa jeuri. “Jana jioni uliponituma nisogeze gari ukutani, nilikanyaga likakataa. Nikatoa mguu, likawaka. Na fundi nilimsikia, nilikuwa nimeshika sufuria.”

“Ulilijua tangu jana?”

“Tangu jana.”

“Na hawa wawili umewaacha wakafeli?”

Binti akaikunja ile karatasi, akaiweka kifuani. “Njiani asubuhi nilianza kusema. Ukaniambia kuku hafundishi kuruka.”

Ilikuwa kweli. Bi Klachi alilikumbuka neno lenyewe, na alikumbuka kwamba kijana alilichekea, kwa kuwa wanafunzi huchekea utani wa mwalimu siku ya mtihani. Alitafuta la kujibu. Yalikuja mengi, kwa sababu hakuwahi kukosa, yakajipanga ulimini kama malori yanavyojipanga mbele ya dirisha. Lakini kila moja alilolitazama lilikuwa lilelile la siku zote, na mara hii hakuona litamgonga nani.

Gari lilikuwa moja na nyumbani ni mbali, kwa hiyo walirudi wote pamoja. Aliyekuwa na haki ya kuendesha alikuwa mkwe, akaketi kwenye usukani. Bi Klachi akakaa kiti chake, mguu karibu na breki yake ya pili. Nyuma, kijana na mshonaji walikaa kila mmoja akitazama dirisha lake. Mshonaji ndiye aliyezungumza, mara moja tu. Aliuliza, kwa upole wa mtu aliyekwisha kuamua jambo, ni watu wangapi kabla yao walioambiwa wana mguu wa tembo. Bi Klachi akarekebisha miwani yake. Akasema basi, alikuwa anauliza tu. Yeye ataendelea kwenye shule nyingine, yenye magari mawili. Kijana akasema naye atakwenda huko.

Kwenye mzunguko mkubwa binti aliachia klachi mapema kidogo, gari likaruka, likazimika katikati ya magari. Rula ilikuwa juu ya mapaja ya Bi Klachi. Nyuma, lori likapiga honi. Binti akavuta handibreki, akaweka gia huru, akazungusha funguo, gari likawaka. Akaingiza gia, akaondoka. Bi Klachi alikuwa amegeuza uso dirishani, anasoma vibao vya maduka, herufi kwa herufi, mpaka walipouacha mzunguko nyuma.